Ufuatiliaji wa Ebola Beni na Butembo

Ufuatiliaji wa waliogusana na wagonjwa ni upelelezi wa kitabibu; ulifanyika Kivu Kaskazini na Ituri, mashariki mwa Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, katika mlipuko wa Ebola wa tarehe 1 Agosti 2018 hadi 25 Juni 2020, uliokuwa na wagonjwa 3,470 na vifo 2,287. Kila aliyemgusa mgonjwa huandikwa jina, kisha hutembelewa kwa siku 21. Upelelezi wa aina hii una mfano katika Shinzanmono, riwaya ya Keigo Higashino ya mwaka 2009: mpelelezi anayezunguka maduka ya mtaa wa Tokyo hukuta karibu kila mtu anaficha jambo, ingawa muuaji ni mmoja tu. Beni nako, kuficha hakukuwa ushahidi wa ukaidi. Watoto wengi waliugua bila kuhudhuria mazishi yoyote wala kukaa na mgonjwa, na hapo swali la kawaida, “ulimgusa nani?”, halikufika mbali. Swali lililofaa lilikuwa: mtoto alipopata homa, alichomwa sindano wapi? Malaria ilikuwa imepamba moto, na jibu likaelekea kwenye vituo vidogo vya tiba vya mitaani, vinavyochanganya dawa za hospitali na za kienyeji. Mama aliyekaa kimya juu ya kituo hicho huenda alikuwa akimlinda jirani aliyemtibu kwa mkopo.

Itasemwa kwamba kusema hivyo ni kuwatetea watu kupita kiasi, kwani tarehe 19 Aprili 2019 daktari Richard Mouzoko wa Kameruni aliuawa kwa risasi hospitalini Butembo. Huo ni uhalifu, hauna udhuru. Lakini wenye bunduki na familia iliyoficha jina la shangazi si kundi moja, na msafara wa wafuatiliaji wenye ulinzi wa askari uliwafanya waonekane kundi moja. Utafiti wa Septemba 2018 katika miji ya Beni na Butembo ulikuta takriban robo ya waliohojiwa hawaamini kuwa Ebola ipo. Desemba mwaka huo uchaguzi wa rais ukaahirishwa huko, Ebola ikitajwa miongoni mwa sababu. Kwa watu waliokuwa wakizika waliochinjwa tangu 2014, kutoamini kuwa Ebola ipo kulikuwa na mantiki yake.

Februari 2021 Ebola ilirudi Butembo. Uchunguzi wa vinasaba uliihusisha na mlipuko uliokwisha, kwa kuwa virusi huweza kubaki mwilini mwa aliyepona kwa miezi mingi, mwenyewe asijue.