Udugu na Mpaka: Uhusiano wa Kibalozi baina ya Moroko na Aljeria, 1845–2021

Utangulizi

Wahenga walisema kwamba ndugu wakigombana, chukua jembe ukalime. Na wakipatana, chukua kapu ukavune. Methali hii humwonya jirani asijitose katika ugomvi wa watu wa damu moja, kwa kuwa ugomvi wa namna hiyo hudhaniwa kuwa ni wa kupita. Historia ya Moroko na Aljeria inaitia methali hiyo katika mtihani mkubwa. Watu wa nchi hizi mbili husema Kiarabu na Kiberber, wengi wao hufuata madhehebu ya Maliki, wameoana tangu zama, na wote walitawaliwa na Ufaransa. Hata hivyo, uhusiano wao wa kibalozi ulivunjika mwaka 1976, ukarejeshwa 1988, na ukavunjika tena 2021. Mpaka wao wa nchi kavu uliofungwa mwaka 1994 ulikaa zaidi ya robo karne bila kufunguliwa.

Maelezo yanayotolewa mara nyingi ni kwamba ufalme na jamhuri ya kijamaa haviwezi kukaa kitako pamoja. Maelezo hayo yana ukweli wake, lakini hayatoshi, kwani yanashindwa kueleza kwa nini ufalme huohuo na jamhuri hiyohiyo viliweza kutia sahihi mkataba wa mpaka mwaka 1972. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba kiini cha ugomvi ni tofauti katika maana ya mpaka wenyewe. Kwa upande wa Moroko, nchi ni watu waliompa mtawala ahadi ya utii. Kwa upande wa Aljeria, nchi ni ardhi iliyomo ndani ya mstari. Tofauti hiyo ilianza katika maandishi ya karne ya kumi na tisa, na lugha ya udugu iliyotumiwa baadaye iliifunika bila ya kuiondoa.

Mkataba uliogawa watu

Kabla ya Wafaransa kuuteka mji wa Algiers mwaka 1830, sehemu ya kaskazini ya Aljeria ilikuwa chini ya dola ya Waturuki wa Uthmania, na Moroko ilikuwa dola huru chini ya masultani wake. Amiri Abd el-Kader alipoongoza vita dhidi ya Wafaransa, Sultani Abd al-Rahman wa Moroko alimpa hifadhi na msaada. Tarehe 14 Agosti 1844 jeshi la Sultani lilishindwa na Wafaransa katika vita vya Isly, karibu na Oujda. Kwa hiyo kitendo cha kwanza katika historia inayochunguzwa hapa kilikuwa kitendo cha udugu, na Moroko ilikilipia kwa kushindwa vitani.

Mkataba uliofuata ulifanywa Lalla Maghnia tarehe 18 Machi 1845. Mkataba huu unastahili kusomwa kwa makini, kwa kuwa una aina mbili za mpaka ndani yake. Kuanzia baharini hadi Teniet es-Sassi, mwendo usiofika kilometa mia mbili, mpaka ulitajwa mahali kwa mahali. Kusini ya hapo hapakuchorwa mstari wowote. Sababu iliyotolewa ni kwamba ardhi ile hailimwi, na kwamba ni malisho ya Waarabu wa pande zote mbili. Badala ya kugawa ardhi, mkataba uligawa makabila na vijiji vya ngome. Figuig iliwekwa upande wa Moroko, na Ain Sefra upande wa Aljeria. Ama jangwa lililo mbali zaidi, ilisemekana kwamba halina maji wala halikaliwi, na hivyo kuligawa ni kazi bure.

Mfano ulio wazi kabisa ni ule wa kabila la Awlad Sidi Cheikh. Kabila hili moja lilikatwa mapande mawili: Gharaba, yaani wale wa magharibi, wakahesabiwa kuwa raia wa Sultani; na Sharaga, yaani wale wa mashariki, wakahesabiwa kuwa chini ya Wafaransa wa Aljeria. Msomaji wa Kiswahili hahitaji mkalimani kuyatambua majina hayo. Watu waliolisha mifugo yao katika bonde moja sasa walikuwa wa dola mbili, na bonde lenyewe halikuwa na mwenyewe katika maandishi.

Mstari wa mkoloni

Pengo hilo liliwafaa Wafaransa. Mwisho wa mwaka 1899 waliiteka In Salah, na mwaka uliofuata wakaingia katika oasisi za Tuat, mahali ambapo Sultani alidai kwamba wazee walimtambua kuwa mtawala wao. Mwaka 1903 waliikalia Béchar. Mwaka 1912 Moroko yenyewe ilifanywa nchi lindwa kwa mkataba wa Fes, na mwaka 1934 majeshi ya Ufaransa yakaingia Tindouf.

Yafaa ikumbukwe kwamba nchi hizi mbili hazikutawaliwa kwa namna moja. Tangu 1848 kaskazini ya Aljeria ilihesabiwa kuwa mikoa ya Ufaransa yenyewe, ambapo Moroko ilikuwa dola ya kigeni iliyowekwa chini ya ulinzi. Mtawala anayetazamia kukaa milele upande mmoja na kuondoka siku moja upande wa pili haoni shida kuusogeza mpaka kwa faida ya ule wa kwanza. Mistari ya utawala iliyochorwa, kama ile iliyopewa jina la Varnier mwaka 1912 na ile ya Trinquet mwaka 1938, haikuwa na mapatano ya nchi mbili huru nyuma yake. Thamani ya jangwa iliongezeka wakati chuma kilipogunduliwa Gara Djebilet, karibu na Tindouf, mwaka 1952, na mafuta Hassi Messaoud mwaka 1956. Ardhi iliyosemwa mwaka 1845 kwamba haifai kugawanywa sasa ilikuwa hazina.

Udugu wa vita na vita vya ndugu

Moroko ilipata uhuru Machi 1956, hali Aljeria ikiwa katikati ya vita vya ukombozi vilivyoanza Novemba 1954. Mji wa Oujda ukawa ngome ya wapiganaji wa Aljeria. Humo ndimo Houari Boumediene alimojenga nguvu zake za kijeshi. Tarehe 22 Oktoba 1956 Wafaransa waliiteka ndege iliyokuwa ikimchukua Ahmed Ben Bella na wenzake kutoka Moroko kwenda Tunis, na jambo hilo lilihesabiwa huko Rabat kuwa ni kumvunjia Mfalme heshima kwa kuwanyang’anya wageni wake. Ufaransa ilipokuwa tayari kuzungumza na Mohammed V juu ya mpaka, yeye alikataa kufanya biashara hiyo mgongoni mwa Waaljeria waliokuwa wakifa. Alipendelea kungoja.

Kungoja huko kulitiwa katika maandishi tarehe 6 Julai 1961, wakati Mfalme Hassan II alipopatana na Ferhat Abbas, kiongozi wa serikali ya muda ya Aljeria, kwamba suala la mpaka litazungumzwa baada ya uhuru. Lakini mwaka huohuo mazungumzo ya Waaljeria na Ufaransa yalikwama kwa sababu ya Sahara, ambayo Ufaransa ilitaka kuitenga na Aljeria. Waaljeria walikubali vita viendelee kuliko kuiachia. Uhuru ulipopatikana Julai 1962, ardhi ile haikuwa tena urithi wa mistari ya Wafaransa tu. Machoni pa Waaljeria ilikuwa imenunuliwa kwa damu. Moroko ilidai deni la subira yake, na Aljeria ikaona inatakiwa kuuza makaburi ya mashahidi wake. Kila upande ulijiona umesalitiwa, na kila upande ulikuwa na sababu.

Oktoba 1963 vita vilizuka katika Hassi Beida na Tinjoub, vituo viwili vya jangwani. Cuba na Misri ziliisaidia Aljeria. Mfalme wa Wafalme Haile Selassie wa Ethiopia na Rais Modibo Keita wa Mali waliwakutanisha Hassan na Ben Bella mjini Bamako, na mwisho wa mwezi huo mapigano yakasimamishwa. Umoja wa Nchi Huru za Afrika, uliokuwa na umri wa miezi michache tu, uliunda tume ya nchi saba, Tanganyika ikiwa mojawapo. Hapa majirani hawakuchukua jembe wakaenda kulima.

Julai 1964, katika mkutano wa Cairo, wakuu wa Afrika walikata shauri kuheshimu mipaka iliyokuwepo siku ya uhuru. Kenya, ambayo ilikuwa ikikabiliwa na madai ya Somalia juu ya eneo lake la kaskazini-mashariki, ilikuwa na kila sababu ya kuliunga mkono azimio hilo. Somalia na Moroko hazikuliridhia. Hivyo fasili ya mpaka kuwa ni mstari ikawa sheria ya bara zima, na ile ya utii ikabaki bila makao.

Kutoka Ifrane hadi Rabat

Miaka iliyofuata inaonyesha kwamba tofauti hii haikuwa bila dawa. Tarehe 15 Januari 1969 Hassan na Boumediene walitia sahihi mkataba wa udugu, ujirani mwema na ushirikiano katika mji wa Ifrane. Mwaka 1970 walikutana Tlemcen, na tarehe 15 Juni 1972 ukapatikana mkataba wa Rabat, ambao ulitaja mpaka hatua kwa hatua na kuiacha Tindouf upande wa Aljeria, sambamba na mapatano ya kushirikiana katika chuma cha Gara Djebilet. Kilichofanikiwa mwaka 1972 hakikuwa neno udugu, bali orodha ya vilima, mabonde na mito. Aljeria iliuridhia mkataba huo mwaka 1973. Moroko ilichelewa hadi 1989, na katika muda huo mengi yakaharibika.

Sahara ya Magharibi

Hispania ilipokuwa ikijitayarisha kuondoka katika Sahara ya Magharibi, swali la zamani lilirudi. Tarehe 16 Oktoba 1975 Mahakama ya Kimataifa ya Haki ilitoa maoni yake. Ilikubali kwamba baadhi ya makabila ya huko yalikuwa na kifungo cha utii kwa Sultani wa Moroko, lakini ikasema kwamba kifungo hicho hakikuwa mamlaka juu ya ardhi, wala hakiwezi kuizuia haki ya wenyeji kujiamulia mambo yao. Fasili zote mbili zilikuwa zimewekwa katika hukumu moja, na kila upande ukasoma nusu iliyoupendeza.

Neno la Kiarabu kwa kifungo hicho ni bay’a, lenye asili moja na neno bei la Kiswahili: hapo kale mapatano ya mtawala na watu yalifananishwa na mapatano ya sokoni, ambapo mkono hushikwa na mkono. Tarehe 6 Novemba 1975 Wamoroko wapatao 350,000 waliingia Sahara katika Maandamano ya Kijani. Desemba mwaka huo Aljeria iliwafukuza maelfu kwa maelfu ya Wamoroko waliokuwa wakiishi humo, na familia za ndoa mchanganyiko zikatenganishwa. Januari 1976 majeshi ya nchi mbili yalipambana Amgala. Aljeria ilipoitambua Jamhuri ya Kiarabu ya Kidemokrasia ya Sahrawi Machi 1976, Moroko ilivunja uhusiano wa kibalozi.

Ugomvi ukahamia katika vikao vya Afrika. Tanzania iliitambua jamhuri hiyo mwaka 1978. Juni 1981, katika mkutano wa wakuu uliofanyika Nairobi chini ya Rais Moi, Hassan alitangaza kwamba angekubali kura ya maoni. Kamati ya utekelezaji ilikutana Nairobi Agosti mwaka huohuo, na tena Februari 1982, lakini haikuafikiwa nani apige kura wala nani azungumze na nani. Novemba 1984, wajumbe wa Sahrawi walipokalia kiti chao Addis Ababa, Moroko ilijitoa katika Umoja. Ilirudi katika Umoja wa Afrika Januari 2017.

Mapatano na mfarakano

Kwa usuluhishi wa Saudi Arabia, uhusiano wa kibalozi ulirejeshwa Mei 1988. Februari 1989 nchi tano ziliunda Umoja wa Maghrib ya Kiarabu mjini Marrakesh. Wakuu wake walikutana mara ya mwisho Aprili 1994. Agosti mwaka huo watalii waliuawa katika hoteli moja ya Marrakesh. Moroko ikawatuhumu majasusi wa Aljeria, ikawadai Waaljeria viza, na Aljeria ikajibu kwa kuufunga mpaka. Jambo la kustaajabisha ni kwamba bomba la gesi la kutoka Aljeria kwenda Hispania kupitia Moroko lilianza kazi 1996, miaka miwili baada ya watu kukatazwa kupita. Gesi ilivuka pale ambapo shangazi hakuweza kuvuka kwenda harusini.

Desemba 2020 Marekani iliitambua mamlaka ya Moroko juu ya Sahara ya Magharibi, na Moroko ikarejesha uhusiano na Israeli. Tarehe 24 Agosti 2021 Aljeria ilitangaza kuvunja uhusiano wa kibalozi, ikidai kwamba Moroko imefanya vitendo vya uadui. Moroko ikasema uamuzi huo hauna msingi. Mwisho wa Oktoba mkataba wa bomba ulipokwisha, haukufanywa upya.

Hitimisho

Historia hii inaonyesha kwamba nchi hizi zilikaribiana zaidi wakati zilipoandika kwa usahihi, kama mwaka 1972, na zilitengana pale zilipoachia udugu ujaze nafasi ya maandishi, kama mwaka 1961. Neno ndugu lina uzito, lakini mwenye kulitumia huwa na matarajio ambayo mgeni hana, na kwa hiyo uchungu wake akinyimwa huwa mkubwa zaidi. Methali iliyotajwa mwanzoni huahidi mavuno baada ya ugomvi. Haisemi yatakuwa wapi mavuno ikiwa ndugu hawakubaliani juu ya shamba lenyewe.

Baina ya Oujda na Maghnia kuna kituo cha mpakani kiitwacho Zouj Bghal, maana yake nyumbu wawili, au, kwa maneno ambayo Kiswahili nacho kimeyapokea, jozi ya baghala. Ni katika sehemu ile ya mpaka ambayo mkataba wa 1845 uliitaja waziwazi, na ambayo haikupiganiwa katika vita vya 1963. Hapo ndipo lango lilipofungwa. Watu wa miji hiyo miwili hawakuwa na ubishi juu ya mpaka wao. Wameilipa gharama ya jangwa lililo mbali nao, ambalo mwaka 1845 lilihesabiwa kuwa halina thamani ya kuandikwa.