Freddie Mercury: Unguja, Panchgani, Feltham

Farrokh Bulsara, baadaye mwimbaji Freddie Mercury, alizaliwa Unguja tarehe 5 Septemba 1946. Baba yake, Bomi, alikuwa keshia wa serikali ya kikoloni ya Waingereza. Yeye na mkewe, Jer, walikuwa Maparsi wenye asili ya Gujarat, wafuasi wa dini ya Zoroaster, jamii ndogo iliyokuwa na hekalu lake la moto kisiwani.

Leo Mji Mkongwe wa Unguja una makumbusho ya Mercury, yaliyofunguliwa Shangani mwaka 2019, na watembeza wageni hawakosi nyumba ya kuonyesha, hata kama jana mwenzao alionyesha nyingine. Mapenzi hayo si ya wote. Mwaka 2006 ilipopangwa sherehe ya kukumbuka miaka 60 ya kuzaliwa kwake, jumuiya ya Kiislamu ya UAMSHO iliipinga vikali kwa kuwa marehemu alikuwa na mahusiano ya jinsia moja.

Lakini anayetafuta chimbuko la muziki wake vichochoroni mwa Shangani anachimba kisima pasipo maji. Alipokuwa na umri wa miaka minane hivi, wazazi walimpeleka shule ya bweni ya St Peter's, Panchgani, milimani kusini-mashariki mwa Bombay, India. Huko ndiko alikojifunza piano, na ndiko wenzake walikoanza kumwita Freddie. Mwaka 1958, wakati Unguja inapata kikundi cha taarab cha Culture Musical Club, yeye na wanafunzi wenzake walikuwa na bendi yao, The Hectics, wakipiga rock ya Magharibi.

Alirejea Unguja mwaka 1963, na hakukaa sana. Baada ya Mapinduzi ya Januari 1964 familia ilikimbilia Uingereza, ikatua Feltham, karibu na uwanja wa ndege wa Heathrow. Kijana akasomea usanifu wa michoro katika chuo cha sanaa cha Ealing, kisha akauza nguo Kensington Market pamoja na mpiga ngoma Roger Taylor. Mwaka 1970 alijiunga na Taylor na mpiga gitaa Brian May, akaipa bendi jina la Queen, na yeye akajiita Mercury. Hata nembo ya bendi aliichora mwenyewe. John Deacon, mpiga besi, alikuja mwaka uliofuata.

Ustadi wake hasa umo katika "Bohemian Rhapsody" ya 1975. Haina kiitikio, nayo inatoka kwenye piano ya huzuni na kuingia opera, kisha rock nzito, ndani ya takriban dakika sita. Ile kwaya kubwa inayosikika katikati ni watu watatu tu, Mercury, May na Taylor, walioimba na kurekodi sauti juu ya sauti kwa siku nyingi. May amesimulia kwamba utepe ulipitishwa kwenye mashine mara nyingi hadi ukaanza kupitisha mwanga. Wenye kampuni ya rekodi walisema redio hazitaupiga wimbo mrefu hivyo. Mtangazaji Kenny Everett aliupiga mara 14 katika wikendi moja, na ukakaa namba moja Uingereza wiki tisa.

Mashabiki hupenda kuiruka Oktoba 1984. Queen walipiga Sun City, Bophuthatswana, ndani ya Afrika Kusini, wakati wanamuziki wengi duniani walikuwa wakiisusia nchi hiyo kwa ubaguzi wake wa rangi, na chama cha wanamuziki cha Uingereza kikawatoza faini. Kujitetea kwamba wao si wanasiasa kulikuwa kwepesi mno, hasa kwa bendi ya mtu aliyezaliwa Afrika. Miezi tisa baadaye, tarehe 13 Julai 1985, walipanda jukwaani Wembley katika Live Aid, tamasha la kuchangia waliokumbwa na njaa Ethiopia. Kwa dakika kama 20 Mercury aliwaongoza watu zaidi ya 70,000 kupiga makofi kwa pigo moja, na wengi wakayasahau ya Sun City.

Tarehe 23 Novemba 1991 alitangaza kwamba ana UKIMWI. Alifariki kesho yake nyumbani kwake Kensington, akiwa na miaka 45, na makasisi wa dini ya wazazi wake wakaongoza mazishi. Desemba hiyo "Bohemian Rhapsody" ilitolewa upya, ikapanda tena namba moja, na mapato yakaenda kwa Terrence Higgins Trust, shirika linalowahudumia wenye virusi vya UKIMWI.