Wivu na Hila Katika Nyumba ya London
Katika senema za taharuki za karne ya 20, sioni iliyosukwa kwa ustadi kuishinda Dial M for Murder, ambayo Frederick Knott aliitunga kwanza kuwa tamthilia, ikaonyeshwa mwaka 1952 katika televisheni ya Uingereza, kisha jukwaani, hata Alfred Hitchcock akaifanya filamu mwaka 1954. Mume, akiisha kung'amua kwamba mkewe alimpenda mwingine, hakughadhibika hadharani, bali aliuficha wivu wake, akaitamani na mali ya mke, akamshurutisha mhalifu amnyonge usiku, ishara ikiwa mlio wa simu. Lakini mke, katika kujiokoa, akamchoma mhalifu huyo kwa mkasi. Hitchcock, kwa hekima ninayoistahi mno, alikataa kuitawanya hadithi nje ya nyumba ile, akachimbisha shimo sakafuni ili kamera iwatazame wachezaji kutoka chini.