Mkuu Asiyesikia la Wadogo



Wahenga walituusia kwamba asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Katika tafakari yetu ya juma hili tungependa kuutazama usemi huo kwa upande wake wa pili. Je, mkuu asiposikia la wadogo, ni guu la nani linalovunjika? Historia ya Tanzania inalo jibu, nalo tunalikuta katika vijiji vyetu wenyewe, ambavyo wengi wetu tumelelewa ndani yake pasipo kuuliza vilianzaje.

Tarehe 5 Februari 1967 lilitangazwa Azimio la Arusha. Septemba mwaka huohuo Mwalimu Julius Nyerere alitoa andiko lake liitwalo Ujamaa Vijijini. Humo alieleza jinsi wakulima waliotawanyika wangeweza kuishi pamoja, kufanya kazi pamoja na kufikiwa kwa urahisi na shule, maji na zahanati. Jambo moja alilitilia mkazo: ujamaa haulazimishwi. Watu waelezwe, waoneshwe mfano, waingie kwa hiari yao na waamue wenyewe mambo ya kijiji chao. Mwaka 1968, katika andiko la Uhuru na Maendeleo, alilirudia fundisho hilo: watu hawaendelezwi na mwingine, bali hujiendeleza.

Mfano wenyewe ulikuwapo tayari. Huko Litowa, Songea, vijana wa TANU, miongoni mwao Ntimbanjayo Millinga, walikuwa wameanzisha kijiji chao tangu mwanzoni mwa miaka ya 1960. Vijiji vingine vikafuata nyayo zao, vikaungana katika jumuiya ya maendeleo ya Ruvuma iliyojulikana kwa herufi RDA. Walikuwa na shule yao, mashine yao ya kusaga, na mikutano ambamo wanakijiji wenyewe walijadili na kuamua. Mwalimu aliwapenda na kuwatembelea. Lakini watu waliozoea kuamua mambo yao si wepesi wa kupokea amri, na hilo halikuwapendeza wakubwa wengi wa chama na serikali. Septemba 1969 Kamati Kuu ya TANU iliivunja RDA, ikaamua kwamba chama chenyewe ndicho kitakachosimamia vijiji vya ujamaa. Aliyekuwa mwenyekiti wa chama ni Mwalimu mwenyewe.

Hapa, ndugu msomaji, yatupasa kutua kidogo. Sera ya vijiji haikufutwa siku ile. Ilibaki, tena ikapata nguvu mpya. Kilichoondolewa ni watu waliokuwa wakiitekeleza kwa hiari, na ambao wangeweza kuwaambia watawala ni lipi linalowezekana na lipi halifai. Kuanzia hapo kazi ilikuwa mikononi mwa wakuu wa mikoa na wa wilaya, walioteuliwa kutoka juu, na ambao sifa yao ilipimwa kwa wingi wa watu waliowaingiza vijijini.

Dalili za hatari hazikukosekana. Siku ya Noeli ya mwaka 1971, Mkuu wa Mkoa wa Iringa, Dk. Wilbert Klerruu, aliuawa huko Ismani na mkulima Said Mwamwindi katika mgogoro uliohusu shamba na ujamaa. Mauaji yale hayana utetezi, na muuaji alihukumiwa kifo. Hata hivyo, nchi ilipokwisha kulia na kuhukumu, lilibaki swali ambalo halikupewa nafasi ya kutosha: wakulima wa Ismani walikuwa na neno gani la kusema, nao wangelisemea wapi?

Mahali pa kusemea palizidi kupungua. Mwaka 1972, chini ya mpango ulioitwa Madaraka Mikoani, halmashauri za wilaya zilivunjwa. Jina la mpango liliahidi kuyashusha madaraka kwa wananchi, lakini walioshuka hasa ni maofisa wa Serikali Kuu. Novemba 1973 Mwalimu akatangaza kwamba kuishi vijijini si hiari tena bali ni amri, na kwamba kazi hiyo ikamilike kufikia mwisho wa mwaka 1976. Miaka sita tu ilikuwa imepita tangu aandike kwamba watu wasilazimishwe.

Zikafuata operesheni. Malori yalipakia watu na vyombo vyao. Mahali pengine nyumba zilibomolewa au kuchomwa moto ili wenyewe wasipate pa kurudia. Baadhi ya vijiji vilipangwa kandokando ya barabara, mbali na mashamba na vyanzo vya maji, kwa kuwa hapo ndipo ofisa alipoweza kufika kwa gari na kuhesabu. Watu waliokuwa katika vijiji vya ujamaa, ambao mwaka 1970 walikuwa yapata nusu milioni na mwaka 1973 yapata milioni mbili, walihesabiwa kuwa zaidi ya milioni 13 mwaka 1977. Katikati ya miaka hiyo kulikuwa na ukame, bei ya mafuta ilipanda duniani, na taifa likalazimika kuagiza chakula kingi kutoka nje. Hatuwezi kuutwika uhamishaji lawama yote ya njaa ile, lakini mkulima aliyeng'olewa shambani mwake hawezi kuwa na mavuno ya jana. Kisha mwaka 1976 vyama vikuu vya ushirika navyo vikavunjwa. Mlango wa mwisho wa mkulima ukafungwa.

Haki inatutaka tuseme pia mema yaliyopatikana. Azimio la Musoma la mwaka 1974 liliharakisha elimu ya msingi kwa wote, na shule nyingi zisingewafikia watoto kama familia zingebaki zimetawanyika. Wengi waliokuja kuwa walimu, wauguzi na hata mapadre walijifunza kusoma katika madarasa ya vijiji vile. Wala Mwalimu hakuhamisha watu ili ajitajirishe. Aliishi maisha ya kiasi, na mwaka 2005 Kanisa lilifungua rasmi mchakato wa kumtangaza mwenye heri, akaitwa Mtumishi wa Mungu.

Hapo ndipo lilipo fundisho zito zaidi. Laiti yangekuwa makosa ya mtu mwovu, tungeyapita upesi na kujiona salama. Lakini huyu alikuwa mtu mwema, mwenye nia njema na fikra pana. Nia njema haikumwezesha kusikia, kwa sababu wale ambao wangemwambia ukweli walikuwa wameondolewa mmoja baada ya mwingine: kwanza RDA, kisha halmashauri, mwishowe ushirika. Taarifa zilizobaki zilipitia mikononi mwa maofisa ambao vyeo vyao vilitegemea uzuri wa taarifa hizo. Madaraka yasiyojibiwa hujitengenezea uziwi wake yenyewe, na sera inayotungwa na kiziwi huumiza hata inapokusudia kuponya.

Mafundisho jamii ya Kanisa yana kanuni inayoitwa kanuni ya auni, aliyoieleza Papa Pius XI mwaka 1931. Kwa ufupi, lile ambalo wadogo wanaweza kulifanya wenyewe, mkubwa asiwanyang'anye; kazi yake ni kuwaauni, si kuwameza. Kanuni hii si ya adabu tu. Inalinda macho na masikio ya mtawala mwenyewe.

Njia ya kurudi ilikuwa ndefu. Mwaka 1982 zilitungwa sheria za kurejesha ushirika na serikali za mitaa. Mwaka 1984, akiwa bado Rais, Mwalimu alikiri katika mahojiano kwamba kama angeanza upya, mambo mawili asingeyafanya: kufuta serikali za mitaa na kuvunja vyama vya ushirika. Ni wachache kati ya wakuu wa dunia waliowahi kusema hivyo wakiwa bado wamekalia kiti. Mwaka 1994 Mahakama ya Rufani, chini ya Jaji Mkuu Francis Nyalali, iliamua katika shauri la mzee mmoja na mwanawe, waliopoteza ardhi katika uhamishaji huo, kwamba haki ya ardhi ya kimila ni mali inayolindwa na Katiba. Miaka mitano baadaye ikaja Sheria ya Ardhi ya Vijiji, inayoupa mkutano mkuu wa kijiji sauti juu ya ardhi yake.

Basi, wapendwa, mkutano wa kijiji unapoitishwa, twende, na tuseme. Nasi tuliopewa kuongoza, iwe ni nyumba, kitongoji, parokia au wizara, tujiulize swali moja kabla ya kulala: ni nani aliye chini yetu ambaye bado anaweza kutuambia kwamba tumekosea, na kesho akabaki na nafasi yake? Tukikosa jina la kulitaja, tujue guu la mtu limekwisha kuvunjika, nasi hatukusikia kilio.