Sauti Tatu Zilizojaza Ukumbi

Kama ulikua ukingoja zamu yako ya gemu, unazijua zile tuni. Wazazi wengi waliziita kelele. Lakini kelele hizo zina historia, na Kiswahili kimo ndani.

Mwaka wa 1986, kampuni ya Enix ilitoa Dragon Quest huko Japani. Mtunzi wa muziki wake, Koichi Sugiyama, alikuwa na miaka 55, na tayari alijulikana kwa nyimbo za pop na za matangazo ya televisheni. Mashine ya Famicom ilimpa sauti tatu tu za kubeba nota, pamoja na mvumo wa kuigiza ngoma. Shujaa akipiga upanga, mlio wa upanga unapokonya muziki sauti moja. Isitoshe, hakuna ajuaye mchezaji atakwama wapi, kwa hivyo tuni ilizunguka na kurudi mwanzo, tena na tena. Sasa fikiria: tuni mbaya ukiisikia mara mia, si utazima TV? Ilibidi melodi iwe tamu kwelikweli.

Agosti 1987, Sugiyama alizipeleka tuni hizo Suntory Hall, Tokyo, zikapigwa na wanamuziki wenye fidla mikononi. Tamasha hilo ndilo huhesabiwa kuwa la kwanza la muziki wa gemu. Kazi haikuwa kuongeza sauti tu. Mpangaji wa muziki lazima ajaze kile ambacho chipu haikuweza kubeba, kisha autafutie mwisho wimbo ambao haukuwahi kuwa nao.

Nje ya Japani, mlango ulichelewa kufunguka. Ni Agosti 2003 ambapo tamasha kama hilo lilifanyika Gewandhaus, Leipzig, mji ambao Bach alifanyia kazi miaka 27.

Halafu ikaja zamu yetu, kwa namna fulani. Mwaka wa 2005, Mmarekani Christopher Tin alitunga wimbo wa kufungulia gemu ya Civilization IV. Maneno yake? Sala ya Bwana kwa Kiswahili. "Baba Yetu" ilirekodiwa upya na Soweto Gospel Choir ya Afrika Kusini, na mwaka wa 2011 ikawa muziki wa kwanza wa gemu kushinda Grammy. Leo kwaya na okestra huupiga huku na kule duniani.

Tujivunie, sawa. Ila tuambiane ukweli: mtunzi ni wa California, waimbaji ni wa Soweto. Kiswahili kilifika jukwaani kabla ya Waswahili wenyewe.

Na si kwamba hatuna watu. Pale Korogocho, vijana wa Ghetto Classics wanapiga fidla na tarumbeta. Nairobi hii hii kuna wanaotengeneza gemu. Sugiyama hakungoja kuambiwa kwamba muziki wake unafaa ukumbi. Alizitoa tuni kwenye mashine, akawaandikia wapiga fidla nota zao. Hawa wetu watakutana lini?