Mji wa Rhodes, Mezani na Katika Historia

Somo la historia kwa madarasa ya watu wazima, kama lilivyosomwa katika redio

Waalimu, tafadhalini hakikisheni kwamba kila mtu ana ukurasa wake, maana leo yako majina ya kigeni ambayo macho huyashika upesi kuliko masikio.

Somo la leo tutalianza kwa karata. Naona wazee wengine wanatikisa kichwa, lakini sisemi karata za kuchezea fedha. Nasema habari za mchezo wa mezani uitwao 7 Wonders, maana yake Maajabu Saba. Uliotunga ni Mfaransa Antoine Bauza, na wachapaji wa Ubelgiji waliutoa mwaka 2010. Wachezaji huwa 3 mpaka 7, na kila mmoja hupewa mji mmoja wa kale: Giza, Babeli, Olympia, Rhodes, Efeso, Alexandria au Halicarnassus. Kazi yake ni kuukuza mji huo, na kujenga lile jengo au sanamu iliyoufanya mji wake uitwe wa ajabu.

Ninyi mnaojifunza kusoma mtalipenda jambo hili: karata hizo zina jina la jengo tu, na mengine yote yameonyeshwa kwa alama. Gogo ni alama ya mbao, tofali ni udongo, ngao ni jeshi. Mtu akizijua alama, amekwisha kuusoma mchezo.

Mchezo una nyakati tatu. Mwanzo wa kila wakati unapewa karata 7. Unachagua moja na kuificha, halafu zile 6 unampa jirani yako, na jirani wa upande wa pili anakupa zake. Kisha wote mnafunua kwa pamoja mlizochagua. Mnaendelea hivyo mpaka kila mtu amecheza karata 6, na ile ya mwisho hutupwa. Angalieni basi: karata uliyoiacha wewe ndiyo anayoipokea jirani. Mara nyingine mtu hutwaa karata asiyoihitaji, ili jirani asiipate tu.

Hakuna mji wenye kila kitu. Rhodes huanza na madini, Alexandria na kioo, Efeso na mafunjo ya kuandikia. Ukikosa mawe, unanunua kwa jirani wa kushoto au wa kulia kwa sarafu 2. Yeye hawezi kukataa, wala mali yake haipungui. (Laiti maduka yetu yangekuwa hivyo!) Na kila wakati unapokwisha, unahesabu ngao zako na kuzilinganisha na za majirani wale wale wawili. Aliyezidi hupata alama, na aliyepungukiwa hupoteza 1. Kwa hiyo watu wanaokuuzia mawe ndio hao hao unaopigana nao.

Siku ya kwanza nilipocheza nilipewa Rhodes. Katika mchezo huu Rhodes ni mji wa vita, maana sehemu ya pili ya sanamu yake hukupa ngao 2. Nikajaza ngao. Nikawashinda majirani zangu wote wawili, kila wakati, nikapata alama zote 18 za vita, wala hakuna awezaye kupata zaidi. Jirani yangu wa kulia alipoteza alama 3 tu kwa kushindwa nami mara tatu. Yeye alikuwa akikusanya polepole karata za kijani, yaani za elimu. Alama moja ya elimu hukupa 1, mbili za namna moja hukupa 4, tatu 9, nne 16. Alipata nne, akanipita mbali. Nilikwenda nyumbani nimenuna, nikafungua kitabu cha historia ili nijue kama Rhodes ya kweli ilikuwa ya vita kama ile yangu.

Haikuwa hivyo. Rhodes ni kisiwa cha Wayunani karibu na pwani ya nchi iitwayo Uturuki leo, na watu wake waliishi kwa biashara ya baharini. Mfalme Alexander alipokufa mwaka 323 kabla ya kuzaliwa Kristo, majemadari wake waligombania nchi zake. Mmoja, Ptolemy, aliishika Misri. Mwingine, Antigonus, alitaka Rhodes imsaidie kupigana na Ptolemy. Watu wa Rhodes wakakataa, kwa sababu faida yao kubwa ilitoka katika biashara ya Misri. Katika mchezo hakuna karata inayomwuliza mtu swali gumu kama hilo: uvunje urafiki na anayekulisha, au ukae umngoje mwenye nguvu aje?

Alikuja. Mwaka 305 Antigonus alimtuma mwanawe Demetrius na majeshi na merikebu nyingi, akauzingira mji. Alijenga mnara wa magurudumu, wenye ghorofa tisa, uliofunikwa kwa mabati ya chuma ili usichomwe moto, na ndani yake mitambo ya kurushia mawe. Mji ulivumilia karibu mwaka mzima. Ptolemy alipeleka nafaka na askari kutoka Misri. Mwishowe, mwaka 304, wakapatana. Rhodes ibaki huru, na iwe rafiki wa Antigonus katika vita vyake vyote, isipokuwa vita juu ya Ptolemy. Yaani baada ya taabu yote ile, watu wa Rhodes walilishika neno lao la kwanza.

Demetrius alipoondoka aliacha mitambo yake. Inasemekana wenyeji waliiuza, na kwa fedha hiyo wakamwagiza Chares wa Lindos awatengenezee sanamu ya shaba ya Helios, mungu wao wa jua. Kazi ilichukua miaka 12. Sanamu ilikuwa na urefu wa futi 100 na zaidi. Basi sanamu ile ambayo katika mchezo huongeza ngao, kwa kweli ilitokana na silaha zilizouzwa vita vilipokwisha. Hapo naona mtungaji alikosea, ingawa mchezo wake ni mzuri.

Sanamu haikusimama hata miaka 70. Kadiri ya mwaka 226 K.K. tetemeko la nchi liliivunja magotini, ikaanguka. Mfalme wa Misri wa wakati ule, naye Ptolemy, wa tatu, alijitolea kulipa gharama za kuisimamisha tena, lakini watu wa Rhodes walikataa kwa ajili ya neno la waaguzi wao. Ikabaki chini. Karibu miaka 300 baadaye, Pliny, mwandishi wa Kirumi, aliandika kwamba ni watu wachache walioweza kukikumbatia kidole gumba chake.

Sasa kalamu. Andikeni majina ya vitu vitatu ambavyo mtaa au kijiji chenu hupata kwa majirani, na mbele ya kila kimoja andikeni jina la mahali kinapotoka. Asiyeweza kuandika neno zima achore alama yake, na mwalimu atamsaidia kuweka herufi chini. Juma lijalo, saa hii hii, tutakwenda Alexandria kuangalia mnara wa taa. Kwaherini.