Maana ya Neno Roger katika Simu ya Upepo

Msomaji aliyepata kuwasikia marubani au askari wakisemezana katika simu ya upepo, hata ikiwa ni katika sinema tu, bila shaka amelisikia mara nyingi neno Roger, na pengine amedhani kuwa kuna mtu anayeitwa kwa jina lake. Hasha, hapana mtu hapo. Asili ya neno hili ni herufi moja, R, ambayo mafundi wa simu za nukta na vistari walikuwa wakiipeleka peke yake ili kumjulisha mwenzao kwamba taarifa yake imefika, kwa kuwa ndiyo herufi ya kwanza ya neno la Kiingereza lenye maana ya "imepokewa".

Ilipokuja simu ya sauti, ilidhihirika kwamba herufi ikitamkwa peke yake, katikati ya ngurumo za injini na mikwaruzo ya hewani, ni taabu kuipambanua na nyingine; kwa hiyo kila herufi ikapewa jina la kuiwakilisha, na katika orodha iliyotumiwa na majeshi ya Marekani tangu mwaka 1941, ambayo jeshi la anga la Uingereza nalo liliifuata baadaye katika Vita vya Pili vya Dunia, jina la R lilikuwa Roger. Mwaka 1956 orodha nyingine ilishika mahali pake, na R ikawa Romeo. Walakini Roger alikuwa amekwisha kuzoeleka vinywani mwa watu, na hata leo yuko kazini.

Sasa tuitazame maana yenyewe, ambayo ni finyu kuliko wengi wanavyodhani. Mwenye kujibu Roger anakiri jambo moja tu, kwamba ameyapokea yote aliyoambiwa. Hakukubali, hakukataa, wala hakuahidi kutenda. Akitaka kuahidi, hana budi kusema Wilco, neno lililofupishwa kutoka maneno mawili ya Kiingereza yenye maana ya "nitatekeleza". Na kwa kuwa hakuna awezaye kutekeleza amri asiyoisikia, Wilco humchukua Roger ndani yake, na kuyataja yote mawili pamoja ni kurudufu bure. Kadhalika Over na Out, ambayo sinema huyaunganisha, hayawezi kukaa pamoja, maana la kwanza humwambia mwenzako "nangoja jibu lako", ilhali la pili humwambia "mazungumzo yamekwisha, usijibu". Haja ya maneno hayo imetokana na chombo chenyewe, ambacho asemaye hawezi kumsikia mwenzake mpaka aachie kitufe.

Kwa sababu hiyo, kuyaita maneno haya misimu ni kuyaonea. Misimu huzaliwa kwa mzaha na mazoea, kama askari wa Marekani huko Vietnam walivyochukua herufi mbili za jina la adui, V na C, wakazitaja Victor Charlie, kisha wakamwita adui Charlie tu. Lakini Roger na wenziwe wamewekewa mipaka kwa makusudi, ili maana yao isiyumbe. Basi hizo ni istilahi.

Je, kwa Kiswahili tusemeje? Jawabu linalotangulia ulimini ni "sawa", nalo ndilo la kuepukwa kabisa, kwa kuwa "sawa" huweza kuwa nimesikia, au nakubali, au nitafanya, na aghalabu huwa njia ya adabu ya kumnyamazisha msemaji. "Labeka" nayo, ambayo mdogo humwitikia mkubwa wake, huitika mwito kabla ujumbe haujatajwa. Kuliacha neno kama lilivyo, tukalitamka Roja, ni rahisi, lakini asiyejua asili yake atalitumia mahali pa "sawa", na tutakuwa hatukufaidi kitu. Kwa rai yangu Roger ni "nimepokea", Wilco ni "nitatekeleza", Over ni "jibu", na Out ni "kwisha": maneno mafupi, yasiyofanana kwa sauti, na kila moja lina kazi yake.

Imebaki tahadhari moja. Asiyesikia vizuri hutaka kusema "rudia", na hapo Kiswahili kina hatari ile ile iliyomo katika Kiingereza, kwa kuwa kwa wapiga mizinga neno la kurudia ni amri ya kufyatua tena pale pale palipopigwa. Waingereza na Wamarekani wameliepuka kwa kuagiza kwamba atakaye kusikia upya aseme "sema tena". Nasi tuna maneno hayo hayo tayari, na mfasiri wa mwongozo wa jeshi atakayeandika "rudia" mahali pake atakuwa amefasiri neno na kuiacha maana.